Matanga ya Aliye Hai



Mtu akifariki Tandika au Mwananyamala, jua halijazama utaona turubai limefungwa uani, viti vya kukodi vimeshushwa, mikeka imetandikwa ndani kwa akina mama, na sufuria kubwa liko mekoni. Daftari la rambirambi linaanza kuzunguka. Wafiwa hawaachwi walale peke yao. Wapo wa kuteka maji, wapo wa kupika, wapo wa kuimba, na hakosi mzee mmoja wa mtaa ambaye kazi yake ni kusimama kila jioni na kutangaza utaratibu wa kesho. Kisha huja siku ya kuanua matanga. Mikeka hukunjwa, nguo za marehemu hugawiwa, ndugu huagana, na mjane anajua kwamba tangu siku hiyo watu wanamtambua kwa hali yake mpya.

Je, mume akiondoka bila kufa, nani hufunga turubai?

Hakuna. Mwanamke huamka asubuhi, huwapeleka watoto shule, hufungua genge lake, na majirani humsalimia kama jana. Wakijua, hunong'ona. Wasipojua, huuliza, "Baba watoto hajambo?" naye hujibu, "Hajambo, yuko safari." Safari hiyo huweza kuchukua miaka 10. Katika jumuiya huombewa wagonjwa, wafiwa na wasafiri, lakini aliyeachwa hajui anyooshe mkono kwenye kundi lipi. Mwezi huu nimeona tuongee juu ya mama huyu, na juu ya binti ambaye uchumba wake umevunjika, kwa sababu wako wengi miongoni mwetu na wengi wao wamenyamaza.

Katika jiji letu kuondoka kwa mume kuna sura nyingi. Waliokulia Keko, Kurasini na Mtoni wanakumbuka vijana waliozamia meli bandarini katika miaka ya 1980 na 1990. Kijana aliaga kwamba anakwenda kutafuta kibarua, na baada ya miezi ikasikika yuko Ugiriki, au Durban. Baada ya Afrika Kusini kupata uhuru wa watu wote mwaka 1994, njia ile ilizidi kuvutia. Wengine walikwenda machimboni, Mererani au Geita, kwa ahadi ya kurudi na mabati ya nyumba. Na wengine, tuseme ukweli, hawakwenda mbali hata kidogo. Mke yuko Yombo, bwana yuko Tegeta na mwanamke mwingine, na nauli ya daladala ndiyo inayowatenganisha. Huyu wa Tegeta ndiye anayetesa kuliko wote, kwa maana aliye ng'ambo huwezi kukutana naye Kariakoo siku ya sikukuu akimnunulia viatu mtoto usiyemfahamu.

Marekani yuko mtaalamu wa mambo ya familia aitwaye Pauline Boss ambaye katika miaka ya 1970 alizichunguza familia za marubani waliopotea katika vita vya Vietnam. Wanaume wale hawakuthibitika kufa wala hawakuonekana kuwa hai. Aligundua kwamba wake zao walikuwa na huzuni ya namna ya peke yake, isiyokwisha, kwa sababu haikuwa na siku ya kuanza wala siku ya kumaliza. Baadaye, katika kitabu alichokitoa mwaka 1999, alieleza kwamba huzuni ya namna hiyo huwapata pia watu ambao ndugu yao yupo mwilini lakini kimoyo amekwishaondoka. Mama wa Yombo asingehitaji kitabu kulijua hilo, lakini inafariji kusikia kwamba ugumu wake una jina, na kwamba si udhaifu wa imani yake wala wa akili yake. Huzuni yake imekosa matanga tu.

Sasa tuje kwenye kumbukumbu zenyewe, maana hapo ndipo penye kazi.

Kumbukumbu hazibishi hodi. Unapepeta mchele, redio ya jirani inapiga wimbo wa zamani wa Marijani Rajabu, basi mikono inasimama. Au unapita mbele ya kinyozi, unasikia harufu ya ile poda aliyokuwa akipakwa shingoni. Zamani kumbukumbu zilikaa katika barua na picha za studio, ambazo ungeweza kuzifungia sandukuni. Siku hizi zinakaa katika simu, na simu inalala chini ya mto. Mwanamke hufungua saa nane za usiku kutazama picha aliyoweka yule bwana, amevaa shati gani, amekaa na nani. Kutazama huko hakumpi habari yoyote mpya. Kunamrudisha tu mlangoni alikoachwa.

Tena kumbukumbu zina upendeleo. Mume anapokuwa ndani tunayaona makosa yake yote. Akiondoka, moyo unaanza kuchagua. Unakumbuka siku alipokuja kwenu na shemeji zako, suruali imepigwa pasi hata ukaogopa kumkalisha kwenye mkeka. Unakumbuka chipsi za kwanza mlizokula pamoja. Hukumbuki Jumanne ile alipotoka na fedha ya ada akarudi alfajiri bila ada na bila maelezo. Ushauri wangu si kwamba uyasahau mema. Mema yalikuwepo kweli, na anayekwambia hayakuwepo anakufanya ujione mjinga kwa miaka uliyopenda. Lakini ukikumbuka Jumapili, kumbuka na Jumanne. Kumbuka juma zima. Mtu unayemlilia awe yule aliyekuwepo, si yule ambaye moyo umemshonea suti mpya baada ya kuondoka.

Yuko mama mmoja wa Mtoni, sasa ana wajukuu, ambaye mumewe alizamia meli akiwaacha na watoto wawili. Ilikuja barua moja tu kutoka Durban. Chini ya kitanda palikuwa na sanduku la bati, ndani yake suruali mbili, viatu vya ngozi na ile barua. Kila Pasaka mama huyu alizitoa suruali, akazifua, akazianika, akazipiga pasi, akazirudisha. Majirani walimsifu kwa uvumilivu. Alikataa kuhama chumba kile hata mvua ilipoingia, kwa sababu, alisema, baba akirudi atatujia hapa hapa. Mtoto wake wa kwanza alipofika wakati wa kipaimara hakuwa na suruali wala viatu. Mama alikaa na lile sanduku usiku mmoja. Asubuhi alizipeleka suruali kwa fundi akazipunguza kiuno na urefu. Viatu vilijazwa karatasi mbele. Ananiambia kwamba kijana alipopita mbele kubarikiwa, yeye alilia kuliko alivyolia mwaka ule wa meli, na kwamba jioni yake alikula wali akashiba, jambo ambalo hakumbuki lilikuwa limemtokea lini mara ya mwisho. Mwezi uliofuata walihama.

Nimelieleza hili kwa kirefu kwa sababu watu wengi hufikiri kuachilia ni jambo la kichwani, kwamba siku moja utaamua na basi. Mara nyingi huanza na vitu. Tazama chumba chako. Kipi ni chake, kipi ni chenu, kipi kimekuwa kaburi? Si lazima uchome wala utupe. Kuchoma kwa hasira huacha majivu, na hasira yenyewe hubaki. Vitu vya thamani vya mwenyewe ambaye anajulikana aliko, viorodheshe na uwape ndugu zake mbele ya shahidi. Picha za harusi wahifadhie watoto, ni historia yao. Barua, kama huwezi kuzisoma bila kuugua, mkabidhi dada yako akae nazo.

Juu ya barua nina jambo la kuongeza. Mwaka 1986 watafiti wawili wa Marekani, Pennebaker na Beall, waliwaomba wanafunzi waandike kwa siku 4, dakika 15 kila siku, juu ya jambo lililowaumiza sana maishani. Wengine waliambiwa waandike mambo ya kawaida tu. Walioandika maumivu yao kwa undani walijisikia vibaya zaidi siku zile, lakini katika miezi iliyofuata walikwenda zahanati ya chuo mara chache kuliko wenzao. Daftari la shule linatosha kwa kazi hiyo. Mwandikie bwana barua ambayo hutaituma. Mwambie yote, hata matusi, maana hakuna atakayeisoma. Kisha ifiche au ichane. Ila nakusihi usiiandike kwenye simu, kidole kikiteleza imekwisha kwenda.

Baada ya kumbukumbu huja majuto. Wenzetu waliochunguza jambo hili, Gilovich na Medvec wa Chuo Kikuu cha Cornell, waliandika katika miaka ya 1990 kwamba kwa muda mfupi mtu hujuta zaidi yale aliyoyatenda, lakini miaka ikipita hujuta zaidi yale ambayo hakuyatenda. Nimeona ndivyo ilivyo hata kwetu. Juma la kwanza mwanamke husema, "Nisingalimjibu vile." Baada ya miaka 15 husema, "Laiti ningalimaliza ile kozi ya ushonaji. Laiti ningaliwaambia wazazi mapema. Laiti ningaliondoka alipoanza kunipiga." Majuto ni mjukuu, husema wazee, nami nakubali, ila hakuna bibi anayembeba mjukuu mchana na usiku bila kumshusha.

Hapo inafaa kuwa mwangalifu. Yako majuto yaliyo yako, na yako ambayo umevishwa na watu. Kama kweli ulikuwa na ulimi mkali, au ulificha madeni, au ulimdharau mbele ya watoto, hayo ni yako. Yapeleke kwa Mungu, na kama bwana anapatikana, mwombe radhi kwa maneno machache bila kutarajia malipo. Lakini ukiambiwa kibarazani kwamba mume ameondoka kwa sababu ulinenepa, au kwa sababu ulizaa wasichana watupu, usiyaingize ndani maneno hayo. Mtu mzima aliyetembea kwa miguu yake mwenyewe hadi Tegeta anajua njia aliyopita.

Katika Biblia kuna mwanamume ambaye wahubiri humpita haraka. Anaitwa Paltieli. Mfalme Sauli alimchukua binti yake Mikali, aliyekuwa mke wa Daudi, akampa huyu Paltieli. Miaka ikapita. Daudi alipopata nguvu akamdai mkewe, naye akachukuliwa. Paltieli akamfuata nyuma njiani akilia, hadi mahali paitwapo Bahurimu, na hapo jemadari Abneri akamwamuru arudi, naye akarudi. Ni mistari michache tu katika Samweli wa Pili. Mimi huvutiwa na mambo mawili. Kwanza, Maandiko hayamcheki kwa machozi yake, wala hayamfichi. Pili, ipo Bahurimu, mahali ambapo kumfuata kunakoma. Njia kutoka pale kwenda nyumbani alitembea peke yake, na hakuna aliyeandika alivyofika. Na Mikali mwenyewe aliyekuwa akipelekwa huku na huku, alijisikiaje? Hilo nalo halikuandikwa, na sisi akina mama tunaweza kulijaza.

Wako watakaosema, haya yote ni ya moyo, mimi nauliza nyumba na watoto. Ni kweli. Moyo hautulii kama kesho haijulikani, basi tutazame Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasemaje.

Kwanza, mgogoro wa ndoa kwa kawaida hupitia kwenye baraza la usuluhishi kabla ya kufika mahakamani. Mabaraza hayo yapo katika kata, na jumuiya za dini pia huweza kuwa na yao. Baraza halitoi talaka. Hujaribu kupatanisha, na likishindwa hutoa hati ya kuonyesha hivyo. Kutelekezwa kwa makusudi kwa miaka 3 au zaidi ni moja ya mambo ambayo mahakama huyatazama kama ushahidi kwamba ndoa imevunjika kabisa. Na kama mume hajasikika kwa miaka 5 kwa watu ambao wangepaswa kusikia habari zake angekuwa hai, sheria huruhusu ichukuliwe kwamba amefariki mpaka ithibitike vingine, na mke anaweza kuiomba mahakama itamke hivyo. Mama wa suruali hakulijua hili kwa miaka mingi.

Ninyi mlioishi na mtu kama mke na mume bila harusi msidhani hamna kitu. Mkiwa mmeishi hivyo kwa miaka 2 au zaidi na watu wakawatambua hivyo, sheria hudhania kuwa mmeoana, ingawa dhana hiyo huweza kupingwa, na mahakama huweza kuamua juu ya matunzo na watoto. Na wewe binti ambaye mchumba amevunja ahadi, sheria hiyo hiyo inaruhusu kudai fidia kwa kuvunjiwa ahadi ya ndoa, na zawadi zilizotolewa kwa sharti la ndoa huweza kudaiwa zirudi. Mimi binafsi sipendi binti wa miaka 22 apoteze miaka mahakamani akigombania kanga na saa ya mkono, lakini ni vizuri ajue.

Juu ya mali, kila mwanamke wa nyumbani ajue kesi ya Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu, iliyoamuliwa na Mahakama ya Rufani ya Tanzania mwaka 1983. Kabla yake baadhi ya mahakama ziliwaambia waliokuwa hawana mshahara kwamba hawakuchangia chochote. Mahakama ile ilisema kwamba kazi za nyumbani, kupika, kufua, kulea, ni mchango katika kupata mali ya familia. Bi Hawa mwenyewe hakufaidika, maana mahakama iliona alizitumia vibaya fedha ambazo mumewe alimpa kwa mradi, na rufaa yake ikaanguka. Hata hivyo mlango alioufungua umepitiwa na wanawake wengi baada yake. Kwa hiyo unaposema "miaka 12 nimeipoteza bure", ujue hata majaji hawakubaliani nawe.

Talaka ya mahakama ni jambo moja na taratibu za kanisa ni jambo jingine, na makanisa yetu hayafanani katika hili. Mwone mchungaji au padre wako mapema, si baada ya kukwishaamua. Na mnaotunza vitabu vya usharika, tafadhali mtazame zile bahasha za ahadi. Mama anakuja peke yake kwa miaka 8, na kila Jumapili anakabidhiwa bahasha yenye jina la mtu aliyeondoka. Kubadilisha jina kwenye bahasha ni kazi ya dakika moja na kalamu ya wino.

Mama mkwe na mawifi mara nyingi tunawasahau. Mwanamke anapoachwa hupoteza pia nyumba nzima ya watu aliowapikia, aliowauguza, aliowazika. Si lazima wapotee. Kama bibi wa watoto anakupenda, mpelekee wajukuu, kaa naye, menyeni mihogo. Lakini mwekeane agano kwamba habari za mwanawe hazitaletwa mezani. Wifi anayekuja kila Jumamosi kukueleza mume wako wa zamani amenunua gari gani, huyo mpe chai, mpe na nauli.

Wengine mmeniuliza: na akirudi je? Hurudi, wengine. Hurudi wakiwa wagonjwa, au wamefukuzwa, au kwa kweli wametubu. Sitakuambia umfukuze wala umpokee. Nakuambia tu asilale ndani usiku ule ule. Kuna ndugu zake, kuna gesti, kuna hospitali ya kupima afya ninyi wawili, kuna wazee wa kukaa nao kitako. Aliyekaa nje miaka 9 anaweza kukaa nje juma moja zaidi. Umsikilize mchana, watoto wakiwa shule, na uangalie anaongea habari za nani, zake au za watoto.

Watoto, kwa kuwa tumewataja, wana swali lao moja, nalo hulileta wakati mbaya, unapokaanga dagaa au umechelewa kazini. "Mama, baba atarudi lini?" Usiseme kesho. Usiseme amekufa kama hajafa, maana siku moja watakutana naye kituo cha daladala. Usiseme ni mtu mbaya, nusu ya damu ya mtoto ni yake. Injika sufuria pembeni, kaa kwenye kigoda mlingane macho, useme: "Sijui mwanangu. Baba haishi nasi tena, wala si wewe uliyemfanya aondoke. Mimi nipo, na leo tunakula dagaa." Kisha umwache aulize la pili kama analo.